UZI: Sandy Turnbull, Mskoti aliyefunga bao la kwanza Old Trafford na kufungiwa na FA mara mbili

#1 Mtoa mada

Wakuu, salaam kwenu nyote.

Mashabiki wengi wa Manchester United humu ndani wanawataja wafungaji wa fainali ya mwaka 1999 bila hata kufikiri, lakini ukiwauliza ni nani aliyeipatia timu yao Kombe la FA (Chama cha Soka cha England) kwa mara ya kwanza, au ni nani aliyetikisa nyavu kwa mara ya kwanza katika uwanja wa Old Trafford, wengi hubaki kimya. Jibu la maswali yote mawili ni mtu mmoja, Alexander Turnbull, ambaye wenzake walimwita Sandy, mchimba makaa ya mawe kutoka Scotland aliyeuawa vitani nchini Ufaransa mwaka 1917 akiwa bado anatumikia kifungo cha maisha cha kutocheza soka.

Nimeamua kuanzisha uzi huu kwa sababu mara nyingi anapotajwa hutajwa kwa sentensi moja tu: kwamba alikuwa mla rushwa, kwa kuwa alifungiwa mwaka 1906 na akafungiwa tena mwaka 1915. Hoja yangu ni kwamba adhabu hizo mbili hazifanani hata kidogo. Ya kwanza ilitokana na sheria ya mishahara ambayo kwa maoni yangu ilikuwa mbovu, na karibu timu nzima iliadhibiwa pamoja naye. Ya pili ilihusu kuuza mchezo, na hapo sina maneno ya kumtetea. Anayezichanganya hizo mbili hawezi kumwelewa Turnbull, wala hawezi kuelewa soka la wakati wake.

Turnbull alizaliwa mwaka 1884 katika kijiji cha Hurlford, eneo la Ayrshire, kusini-magharibi mwa Scotland. Ni eneo la migodi ya makaa ya mawe, na vijana wa huko walishuka mgodini mapema. Yeye pia alishuka, na alipokuwa juu ya ardhi alicheza mpira katika timu ya kijijini iliyoitwa Hurlford Thistle. Ikumbukwe kwamba England iliruhusu soka la kulipwa mwaka 1885, wakati Scotland ilisubiri hadi 1893, kwa hiyo kwa miaka minane Mskoti aliyetaka kulipwa kihalali kwa kucheza mpira alilazimika kuhamia kusini. Hata baada ya Scotland kubadilisha msimamo, safari hizo hazikukoma, kwa sababu timu za England zilikuwa na fedha zaidi na zilikwisha kujifunza kwamba Waskoti ndio waliojua kucheza kwa pasi, badala ya mtindo wa kukimbia na mpira kichwa chini mpaka mtu anyang'anywe.

Mwaka 1902 Manchester City ilimsajili. City ilikuwa imetoka kushuka daraja, na kocha wake mpya, Tom Maley, alikuwa Mskoti pia, ndugu wa Willie Maley aliyekuwa akiiongoza Celtic. Msimu wa kwanza wa Turnbull timu ikatwaa ubingwa wa daraja la pili na kupanda. Msimu uliofuata ikamaliza ya pili katika ligi kuu ya wakati huo, na tarehe 23 Aprili 1904 ikaifunga Bolton 1-0 katika fainali ya Kombe la FA pale Crystal Palace, London. Bao lilifungwa na Billy Meredith, winga wa kulia kutoka Wales aliyezoea kucheza akiwa na kijiti cha meno mdomoni. Turnbull alikuwa bado hajatimiza miaka 20.

Kwa wale wenye umri wa kukumbuka mpira wa zamani, alikuwa namba kumi, ingawa jezi za wakati huo hazikuwa na namba. Alicheza ndani ya winga wa kushoto katika safu ya washambuliaji watano. Alikuwa mfupi, mwenye kifua kipana, na jambo lililowashangaza watu ni kwamba pamoja na ufupi wake alikuwa hodari sana kwa mipira ya kichwa. Vilevile alikuwa mwepesi wa hasira, na hasira hiyo itatokea tena katika simulizi hili.

Nitaendelea kadiri nafasi itakavyoruhusu. Wenye maswali waulize.

#2 Mchangiaji

Mkuu, tumefika na tumekaa. Kabla hujaendelea, naomba utufafanulie hiyo sheria ya mishahara unayoiita mbovu. Nijuavyo mimi, hadi leo ligi nyingi zina utaratibu wa kudhibiti matumizi ya timu. Tatizo liko wapi?

#3 Mtoa mada

Swali zuri, mkuu, na ndilo ufunguo wa yote.

Kuanzia mwaka 1901, mchezaji yeyote wa kulipwa nchini England hakuruhusiwa kupata zaidi ya paundi 4 kwa wiki, hata awe bora kiasi gani, na bonasi za ushindi zilipigwa marufuku. Taratibu za leo unazozitaja hudhibiti jumla ya matumizi ya timu. Ile ya zamani ilimbana mtu mmoja mmoja. Pamoja na hayo kulikuwa na utaratibu wa usajili ambao uliiruhusu timu kumzuia mchezaji hata mkataba wake ulipokwisha, kwa hiyo hakuwa na uwezo wa kudai zaidi wala wa kuondoka. Paundi 4 zilikuwa fedha nzuri ukilinganisha na ujira wa mgodini, na ndiyo maana vijana kama Turnbull walizifuata. Lakini fainali ya Kombe la FA iliweza kujaza watu zaidi ya 60,000 wenye tiketi, na wachezaji walijua kuhesabu. Kikomo hicho kilidumu, kikipandishwa kidogo kidogo, mpaka mwaka 1961.

Matokeo yake yalitabirika. Timu zilizotaka ubingwa zililipa kwa siri. City ililipa. Timu nyingine nazo zililipa, na kila mtu katika mchezo ule alijua, isipokuwa pale FA ilipoamua kufungua vitabu vya mtu. Kwa City, mlango ulifunguliwa na mechi moja.

Tarehe 29 Aprili 1905 City ilikwenda kucheza na Aston Villa katika siku ya mwisho ya ligi, ikiwa bado na tumaini la ubingwa. Turnbull, ambaye alikuwa akifunga mfululizo msimu ule, alikabana na Alex Leake, nahodha wa Villa. Maelezo ya siku ile yanasema Leake alimtupia tope, Turnbull akamjibu kwa ishara ya matusi ya vidole viwili, kisha ngumi zikafuata. City ikafungwa 3-2 na ubingwa ukaenda Newcastle. Baada ya mechi ilisemekana kwamba Turnbull alivutwa ndani ya chumba cha Villa akapigwa, na akatoka na alama mwilini.

FA ilipoanza kuchunguza ugomvi huo ikakuta jambo kubwa zaidi: Leake alidai kwamba Meredith alimwahidi paundi 10 ili Villa ilegeze. Meredith akafungiwa. Alikana mwanzoni, lakini City ilipokataa kumsaidia kifedha wakati wa adhabu yake, akageuka na kueleza hadharani kwamba klabu ilikuwa ikivunja kikomo cha mishahara kwa miaka. Alidai pia kwamba ahadi kwa Leake aliitoa kwa maagizo ya kocha.

Mwishoni mwa Mei 1906 FA ikatoa hukumu. Wachezaji 17, wa sasa na wa zamani, walifungiwa hadi tarehe 1 Januari 1907, wakatozwa faini za jumla ya paundi 900, na wakakatazwa kuichezea City tena. Kocha Maley na mwenyekiti wa klabu walifungiwa maisha, ingawa Maley aliachiwa baadaye. Turnbull alikuwa miongoni mwa hao 17. Kosa lake lilikuwa kupokea mshahara na bonasi kupita kiwango. Katika suala la paundi 10 za Leake yeye hakuwa mtuhumiwa. Alikuwa mtu aliyepigwa ngumi.

Hapo ndipo ninaposema watu hukosea. Huyu alikuwa kijana wa miaka 21 aliyelipwa na mwajiri wake kwa kazi aliyoifanya vizuri. Kama hilo ni rushwa, basi kila fundi aliyewahi kuongezewa ujira na bosi wake ni mla rushwa.

Kwa City yenyewe adhabu ile ilikuwa maafa. Msimu mpya ulipoanza Septemba 1906, timu iliyookotwaokotwa ilicheza na Woolwich Arsenal katika joto kali mno, wachezaji wakaanguka mmoja baada ya mwingine, na City ikamaliza mechi ikiwa na watu sita uwanjani. Walifungwa 4-1. Siku mbili baadaye Everton ikawafunga 9-1.

#4 Mchangiaji

Ndugu mtoa mada, asante kwa elimu. Naomba kujua ilikuwaje wachezaji wa City wakaishia kwa wapinzani wao wa mji uleule. Leo jambo kama hilo lingewasha moto Manchester nzima.

#5 Mtoa mada

Kwa kuwa City haikuruhusiwa kuwatumia tena, ililazimika kuwauza, na Novemba 1906 uliandaliwa mnada katika Queen's Hotel, Manchester, ambako wawakilishi wa timu mbalimbali walifika na fedha zao. Walipofika wakakuta vitu vizuri vimekwisha. Ernest Mangnall, aliyekuwa akiiongoza Manchester United, alikuwa amekwisha kuelewana kimyakimya na watu aliowataka: Meredith, Turnbull, beki Herbert Burgess na mshambuliaji Jimmy Bannister. United ilikuwa imepanda daraja msimu huo tu, na miaka minne iliyopita ilikuwa karibu kufilisika chini ya jina la Newton Heath, kabla mwenye kiwanda cha bia, John Henry Davies, hajaiokoa. Ndiyo kusema klabu tunayoijua leo ilijengwa juu ya adhabu ya jirani yake.

Kifungo kilimalizika tarehe 1 Januari 1907, na siku hiyohiyo wote wanne waliingia uwanjani katika uwanja wa zamani wa United, Bank Street, mahali palipozungukwa na viwanda vilivyotapika moshi. Wapinzani walikuwa nani? Aston Villa. Meredith akatia krosi, Turnbull akafunga, mechi ikaisha 1-0. Ratiba ya ligi wakati mwingine hupanga mambo kuliko mtunzi wa hadithi.

Msimu wa 1907-08 ndio uliokuwa kilele chake. United ilitwaa ubingwa wa ligi kwa mara ya kwanza katika historia yake, ikiwa na pointi 52, tisa zaidi ya Villa waliofuata, na Turnbull peke yake alifunga mabao 25 katika mechi 30 za ligi. Dhidi ya Woolwich Arsenal mwezi Novemba alifunga mabao yote manne katika ushindi wa 4-2. Tarehe 21 Desemba 1907, katika debi ya Manchester, aliifunga timu yake ya zamani mabao mawili kisha akatolewa nje kwa ugomvi, akawa mchezaji wa kwanza kutolewa katika debi hiyo. United ilishinda 3-1. Mechi ile moja inamweleza mtu huyu mzima mzima.

Tahadhari kwa wanaotafuta habari zake: katika kikosi kilekile kulikuwa na Mskoti mwingine aliyeitwa Jimmy Turnbull, mshambuliaji wa kati. Hawakuwa ndugu. Magazeti ya zamani yanapoandika tu "Turnbull", msomaji inabidi awe makini. Katika safu ya viungo alikuwamo pia Alex Bell, aliyeichezea Scotland ingawa alizaliwa Cape Town. Sandy mwenyewe, pamoja na mabao yake yote, hakuitwa hata mara moja katika mechi rasmi ya timu ya taifa ya Scotland.

#6 Mtoa mada (inaendelea)

Fainali ya Kombe la FA ya mwaka 1909 inastahili nafasi yake.

Turnbull alikuwa na jeraha la goti na hadi karibu na mechi haikujulikana kama angecheza. Wakati ule hakukuwa na wachezaji wa akiba. Ukianza na mgonjwa akashindwa, unamaliza na watu kumi. Nahodha Charlie Roberts ndiye aliyemshawishi Mangnall ampange. Hoja yake ilikuwa kwamba Turnbull anaweza kupata bao moja, na akilipata, wenzake watambeba kwa dakika zilizobaki. Tarehe 24 Aprili, mbele ya watazamaji 71,401 pale Crystal Palace, Harold Halse alipiga shuti likagonga mwamba katika dakika ya 22, mpira ukarudi, na mtu wa kwanza kuufikia alikuwa yule mwenye goti bovu. United 1, Bristol City 0. Hesabu ya Roberts ilikuwa sahihi kabisa.

Wiki chache baadaye mashujaa haohao walikuwa hawana mshahara. Desemba 1907, Meredith, Roberts na wenzao walianzisha chama cha wafanyakazi cha wachezaji katika Imperial Hotel, Manchester, wakidai kuondolewa kwa kikomo cha mishahara na kupata haki ya kupeleka madai ya fidia mahakamani. Majira ya kiangazi ya 1909 FA ilikataa kukitambua chama hicho na kuwataka wachezaji wajiondoe kabla ya tarehe 1 Julai, la sivyo wasimamishwe. Karibu nchi nzima ilitii. Wachezaji wa United walikataa. Walifanya mazoezi peke yao huko Fallowfield na kupiga picha ya pamoja iliyobaki maarufu hadi leo, mbele yao kukiwa na kibao cha kujitangaza kuwa klabu ya waliotengwa. Walipokwenda ofisini kwa klabu kuulizia fedha zao na kuambiwa hakuna kitu, baadhi yao walitoka na picha za ukutani na vioo kama malipo. Baadaye vitu hivyo vilirudishwa. Tim Coleman wa Everton alijiunga nao, na mwisho wa Agosti, ligi ikiwa karibu kuanza bila mabingwa wa kombe, FA ikalegeza.

Nawaomba wasomaji watie maanani kwamba Turnbull alikuwa ndani ya timu hiyo. Alikwisha kuadhibiwa mara moja kwa sababu ya zile paundi 4, na sasa timu yake ilikuwa mstari wa mbele kuzipinga waziwazi.

#7 Mchangiaji

Mimi ni Liverpool damu na naomba niweke kumbukumbu sawa. Bao la kwanza Old Trafford mnalojivunia ni la mechi mliyofungwa nyumbani kwenu. Mtoa mada amelipita kimyakimya.

#8 Mtoa mada

Sijalipita, ndugu yangu, lilikuwa foleni. Old Trafford ilifunguliwa tarehe 19 Februari 1910. Davies alitoa paundi 60,000, na mchoraji wa uwanja alikuwa Archibald Leitch wa Glasgow, Mskoti mwingine. Turnbull alifunga la kwanza kwa kichwa kutokana na mpira wa adhabu, United ikaongoza 3-1, kisha Liverpool ikarudi na kushinda 4-3. Ni kweli, sherehe mliiharibu, na naona miaka zaidi ya mia haijawapunguzia furaha.

Mwaka uliofuata Turnbull alipata ubingwa wa pili. Siku ya mwisho, tarehe 29 Aprili 1911, United iliifunga Sunderland 5-1 nyumbani, naye akiwa mmoja wa wafungaji, na hao Liverpool wakatusaidia kwa kuifunga Villa 3-1. Alimaliza msimu na mabao 18 ya ligi, moja nyuma ya Enoch West. Jina hilo la West mlishike.

Baada ya hapo timu ilizeeka. Mangnall alihamia City mwaka 1912, Roberts akauzwa Oldham mwaka uliofuata, na Turnbull mwenyewe akapungua kasi. Kwa jumla aliichezea United mechi 247 na kufunga mabao 101, ukiacha zaidi ya mabao 50 aliyoifungia City. Kufikia msimu wa 1914-15 alikuwa mchezaji wa pembeni katika timu iliyopigania kutoshuka daraja.

#9 Mchangiaji

Mtoa mada unaandika vizuri, lakini naona unajiandaa kumsafisha. Mtu aliyefungiwa maisha kwa kupanga matokeo hana utetezi. Sisi ambao tumeshuhudia mechi zikiuzwa tunajua uchungu wake. Umaskini si kisingizio, maana mashabiki waliolipa kiingilio walikuwa maskini kuliko wao.

#10 Mtoa mada

Mkuu, nilisema tangu mwanzo kwamba kwa hili simtetei, na sababu yako ya mwisho ndiyo ninayoikubali zaidi. Lakini tuyaweke matukio kama yalivyokuwa.

Tarehe 2 Aprili 1915 ilikuwa Ijumaa Kuu. Vita Kuu ya Kwanza ilikuwa imeanza miezi minane iliyopita, na kila mtu alijua kwamba ligi itasimamishwa msimu utakapokwisha. Maana yake kwa mchezaji aliyekuwa na umri kama wa Turnbull, miaka 30, ni kwamba ajira ilikuwa inaisha na hakuna aliyejua kama itarudi. United iliikaribisha Liverpool na kushinda 2-0 kwa mabao ya George Anderson. Watazamaji walianza kunung'unika mapema. United ilipata penalti, Patrick O'Connell akaipiga nje mbali sana na goli. Liverpool walicheza kana kwamba goli la wapinzani lilikuwa na moto. Dakika za mwisho mshambuliaji wao Fred Pagnam, ambaye hakuwa katika mpango, aligonga mwamba, na wenzake wakamkaripia badala ya kumpongeza.

Ikajulikana kwamba fedha nyingi zilikuwa zimewekwa kwa wakamaria juu ya matokeo ya 2-0 kwa United, kwa malipo ya mara saba ya dau. Ndugu zetu wanaosuka mikeka kila wikiendi wataelewa haraka: hakuna mtu anayemwaga fedha nyingi kiasi hicho juu ya matokeo kamili ya mechi moja isipokuwa ana taarifa. Wakamaria waligoma kulipa, vipeperushi vikasambazwa, na FA ikaanza uchunguzi uliochukua miezi.

Hukumu ilitoka Desemba 1915. Kwa upande wa Liverpool walifungiwa maisha Jackie Sheldon, Tom Miller, Bob Pursell na Thomas Fairfoul. Kwa United walikuwa Enoch West, Arthur Whalley na Sandy Turnbull. Mchezaji wa nane alikuwa Lawrence Cook wa Chester. Sheldon alikuwa amewahi kuichezea United, na yeye ndiye aliyeonekana kuwa kiungo kati ya pande mbili. Sasa jambo la ajabu: kati ya wale watatu wa United, ni West pekee aliyecheza mechi yenyewe. Turnbull na Whalley hawakuwamo uwanjani. Hatia yao ilikuwa katika mipango na dau.

Hii haipunguzi uzito wa kosa. Pointi mbili za Ijumaa Kuu ziliiwezesha United kumaliza ya 18 kati ya timu 20, pointi moja tu mbele ya Chelsea, ambayo ndiyo ingeshuka kwa sababu hiyo. Matokeo hayakufutwa. Vita ilipokwisha ligi ilipanuliwa hadi timu 22 na Chelsea ikabaki, lakini Tottenham iliyokuwa mkiani ikashuka baada ya kura iliyoipandisha Arsenal, na hilo lina uzi wake mrefu.

Ninachokataa ni kuunganisha tu. Mwaka 1906 Turnbull alipokea fedha ili ashinde mechi. Mwaka 1915 alishiriki kuhakikisha kwamba mechi haichezwi kweli. La kwanza lilimdhuru nani? Wenye timu zilizoshindwa kulipa, labda. La pili liliwaibia waliolipa kiingilio. Hata hivyo ninaona uhusiano wa aina moja kati yake: wakubwa wa soka walitumia miaka 14 kuwafundisha wachezaji kwamba fedha halali ni paundi 4 na nyingine zote hupitia mlango wa nyuma. Mtu aliyezoea mlango huo kwa jambo lisilo na madhara anaweza siku moja kuupitia kwa jambo lenye madhara. Hayo ni maelezo ya jinsi ilivyotokea. Msamaha ni jambo jingine, na mkuu wa namba 9 hana haja ya kuutoa.

#11 Mchangiaji

Hapo tumeelewana, mkuu. Nabaki na msimamo wangu, lakini hoja nimeipokea. Malizia kuhusu vita.

#12 Mtoa mada

Turnbull aliingia jeshini mwishoni mwa mwaka 1915, katika batalioni ya wanasoka ya kikosi cha Middlesex, na baadaye akahamishiwa batalioni ya nane ya East Surrey, ambako alipandishwa hadi cheo cha lansi-sajini. Tarehe 3 Mei 1917, katika mapigano ya Arras kaskazini mwa Ufaransa, batalioni yake ilishambulia kijiji cha Chérisy. Waliingia kijijini, kisha wakasukumwa nyuma kwa hasara kubwa. Turnbull hakurudi. Aliacha mke, Florence, na watoto wanne.

Kwa zaidi ya mwaka mmoja familia haikujua kama amekufa au ametekwa. Habari ilikuja kwa barua ya afisa wake, aliyekuwa ametekwa siku ileile: Turnbull alikuwa amepigwa risasi mguuni, lakini aliposikia kwamba viongozi wengine wa kikosi wameanguka akaendelea mbele na askari wake mpaka kijijini, na hapo mdunguaji akamuua. Alikuwa na umri wa miaka 32. Mwili wake haukupatikana, na jina lake limechongwa katika Mnara wa Kumbukumbu wa Arras pamoja na maelfu ya wengine wasio na kaburi.

#13 Mchangiaji

Je, wale wengine sita wa United na Liverpool waliishia wapi? Na kifungo cha Turnbull kilifutwa au la?

#14 Mtoa mada

Mwaka 1919 FA iliwaachia waliofungiwa kwa kutambua utumishi wao vitani. Turnbull alikuwa miongoni mwa walioachiwa, miaka miwili baada ya kufa. Sheldon na Pursell walirudi kuichezea Liverpool, na Whalley akarudi United. Tom Miller alikwenda mbali zaidi kuliko wote: mwaka 1920 aliichezea Scotland dhidi ya England, na mwaka huohuo United, klabu iliyofaidika na mechi ile ya Ijumaa Kuu, ikamsajili.

Aliyebaki nje ni Enoch West peke yake. Alikana hatia tangu siku ya kwanza, akaipeleka FA mahakamani, akashindwa kesi mwaka 1917, na hakuachiwa pamoja na wenzake. Kifungo chake kilifutwa mwaka 1945, alipokuwa na umri wa miaka 59.